Kidonda Kwanza

Machi aliukata mkono wa dungusi,
akaulaza kivulini juu ya gunia
siku kumi na tano, pasi na tone.
"Kidonda kibichi hakizikwi," alisema Eufrosina,
"kitaoza."

Kisha akaupanda tuta la mawe, kule Mixteca,
ubavu uliozoea jua akiuelekeza juani.

Miaka minne, miiba tu.
Mwaka wa tano, usiku, ua jeupe:
popo akazama hadi mabegani,
akatoka na uso wa unga.
Kulipokucha, ua lilikwisha kufumba.

Mei tunda likaiva,
likapukutisha miiba lenyewe.

Mwanawe akapiga simu kutoka Fresno:
"Dungusi limezaa?"
"Tunda moja."
"Niwekee."

Alikuwa amekwisha kulila, wima, palepale tutani,
utomvu mwekundu ukimchuruzika kiwikoni,
mbegu zikimlia menoni.