Daftari la Mwalimu Ngwali

Miaka ishirini na sita, Mwalimu,
na daftari lako ninalo mimi,
lile la miraba, jalada la buluu lililoliwa na mende pembeni.
Wizara ilikupa saa ya ukutani na picha ya kupeana mkono.
Saa imesimama saa nne kasorobo.
Daftari bado linakwenda.

Ukurasa wa kwanza ni mwandiko wako, kabla hujaniachia kalamu:
"Katoni ya besiboli imefika bandarini Wete.
Glavu kumi na moja. Tisa ni za mashoto."
Nani aliyezituma, na nani aliyempakilia vile,
hukuandika. Uliandika chini yake tu:
"Basi tutakuwa mashoto."

Ikawa. Vijana wa chuo cha ualimu,
waliochapwa vidole utotoni kwa kupokea kitu kwa kushoto,
wakasimama nyuma ya bweni alasiri nzima
wakiufundisha mkono ule adabu mpya.
Mpira ulikwenda jikoni kwa mpishi.
Ulikwenda juu ya paa la maabara.
Ulivunja birika la msikiti, nawe ukaenda mwenyewe kuomba radhi,
birika jipya mkononi, na mkono ni wa kulia.

Vituo vyetu magunia ya karafuu yaliyojazwa mchanga;
aliyeteleza akakifika cha pili
aliinuka ananukia pesa za watu wengine.
Gongo la kwanza lilikuwa la mpera, likapasuka.
La pili la mpera pia.
Ulikuwa mbishi.

Mwaka wa mavuno makubwa hukuwa na timu.
Nimeandika, kwa amri yako: "Leo wamefika watatu.
Wengine wako juu ya mikarafuu."
Ukawarushia hao watatu mpaka adhana ya magharibi,
na kesho yake ukapanda kuchuma kwa kina Mbwana,
na suruali ya kazini,
ili Mbwana apate nafasi ya mazoezi Alkhamisi.

Unguja tulikwenda mara kumi na nne. Tulishinda mbili.
Ya tatu mvua ilitupokonya, na hadi leo Subeti anaihesabu.
Mcha, mrushaji wetu, alitapika melini
tangu Pemba ilipotupotea machoni mpaka gati ya Malindi.
Akashuka, akawatoa watatu wa mwanzo
pasi hata mmoja kugusa mpira,
kisha akakaa chini akaomba ndimu.

Nilikuuliza mara moja: mbona hutaki niandike tulifungwa ngapi?
"Andika aliyerudi nyumbani, Zuwena. Mchezo wote ni huo.
Mtu anatoka, anazunguka, wenzake wanataka kumtoa, anarudi.
Asiyerudi, andika alikoishia."

Nikaandika. Mbwana, kituo cha tatu. Subeti, nyumbani.
Hamadi Bilali, kituo cha kwanza, alipigwa na usingizi.
Sijui mwaka gani uliyageuza matumizi,
ila kurasa za nyuma zinasema hivi:
Mbwana, Kengeja, hisabati.
Subeti, Maskati, duka la vioo.
Hamadi Bilali, Micheweni, mwalimu mkuu,
huandika ubaoni kwa kushoto, watoto wamezoea.

Mcha, meli ile.
Alikuwa anarudi nyumbani.
Nilingoja uniambie niandike nini kwenye mraba wake.
Ulikwenda kuyakung'uta magunia mchanga, moja moja,
ukayajaza tena.

Juzi nimekuja Limbani na daftari kwapani.
Umelipokea, umeliweka mapajani, hukulifungua.
Mkono wa kulia hauinuki tangu kile kiharusi;
chai umeinywa kwa kushoto, hukumwaga tone.
Ukauliza, kama zamani, bila kuniangalia:
"Leo wamefika wangapi?"
Wawili, Mwalimu. Mimi na wewe.
"Haya," ukasema. "Andika."