Kielelezo cha Nne

Nimekipakata tangu Quellón,
saa mbili za mvua, kioo cha basi kikitiririka.
Kondakta kaniuliza: mama, unahama?
Hapana, naenda mahakamani Castro,
na huyu ni shahidi wangu.
Akacheka. Hakumdai nauli.

Kigoda cha msonobari, miguu mitatu,
mmoja mfupi kidogo.
Nolberto alikichonga kwa usiku mmoja
mkewe aliporudi zamu viatu havivuki visigino.

Edelmira Chiguay, mchuna minofu ya samoni,
meza ya sita, baridi ya nyuzi nne,
sakafu haikauki, mimba ya miezi saba.
Alimwambia msimamizi:
miguu imeumuka kama mkate, naomba nikae.
Kisu hakitajua tofauti.

Aliomba kukaa, wakamsimamisha.

Barua ina mstari mmoja na muhuri:
umesimamishwa kazi, bila malipo, hadi utakapoarifiwa.
Nimeisoma mara ngapi sijui.
Kana kwamba saa tisa kila usiku
hazikuwa kusimama.

Tunasema mja mzito,
tunamwachia uzito wote yeye,
kisha tunashangaa akitafuta pa kuutua.

Kikao kilianza saa nne.
Wakili wa kiwanda, Bwana Larraguibel,
aliomba radhi: mgongo, mheshimiwa, unanisumbua.
Akaruhusiwa kuketi papo hapo,
hakuna aliyedai cheti cha daktari.
Akaketi, akakunja nne, akatueleza
dakika arobaini
kwamba hakuna kifungu kinachotaja kigoda,
kwamba ukimpa mmoja watataka wote,
kwamba samaki hawasubiri.

Edelmira alikuwa amesimama muda wote huo
mbele ya kipaza sauti,
mkono mmoja kiunoni.
Nilikuwa na hoja. Nilikuwa nimekesha nazo,
kurasa kumi na moja, tanbihi,
na sauti niliyoijaribu bafuni.

Jaji Aburto akauliza: kielelezo cha nne kiko wapi?
Nikakitua sakafuni, katikati.
Kikayumba kwa ule mguu mfupi,
kikatulia.

Edelmira akakitazama kama mtu aliyeona ndugu
katika mji wa ugenini.
Hakuniangalia mimi, wala jaji.
Akavuta sketi,
akakaa juu ya ushahidi.

Karani akanyanyuka: mheshimiwa, nimwondoe?
Mvua ilisikika juu ya bati.
Larraguibel alifungua mdomo,
akajikuta ameketi, akaufunga.
Jaji akaandika kitu, kirefu,
bila kuinua kichwa. Endelea, wakili, akasema.
Kurasa zangu nikazipindua kifudifudi.

Hukumu, siku kumi na tano.
Sijui. Nimeshinda kesi nyepesi kuliko hii
na nimeshindwa zilizo wazi zaidi.

Kigoda kimebaki kwa karani, kimefungwa lebo,
mali ya mahakama.
Nimerudi na basi lilelile, mapaja matupu.
Nolberto alikuwa kituoni,
vumbi la randa nywelezi:
kingine kiko tayari, akasema,
mtoto hasubiri siku kumi na tano.
Safari hii amepima miguu yote mara mbili.