Mihogo Kumi na Saba

Andika, afande, jina langu liandike vizuri:
Zamoyoni binti Pazi, miaka hamsini na minne,
mshona sare za shule, mkazi wa Goba, Kinzudi.
Kabila ukitaka weka, ukiacha pia sawa.
Na hapo penye kosa, kabla wino haujakauka,
nisomee tena.

"Kuingia kwa jinai."
Niliingia na jembe, afande. Jinai sikuja nayo.
"Kuharibu mali kwa makusudi:
mashina ya mihogo kumi na saba,
thamani yake shilingi laki mbili na nusu."
Mihogo ile niliipanda mimi,
mbegu nilipewa na dada yangu wa Kisarawe,
nikaing'oa mimi, Ramadhani, nikafuturisha jirani.
Kumbe ilikuwa ya bei hiyo!
Ningejua ningeiuza, nisingeila.

Mlalamikaji namfahamu.
Evarist Kisoka, fundi wa majokofu, hana matusi.
Karatasi anayo. Nami ninayo.
Yake ina muhuri wa serikali ya mtaa,
wa bluu, umevujia pembeni.
Yangu ina dole gumba la marehemu mume wangu
na mashahidi wawili:
mmoja amehamia Mkuranga, mwingine amehamia ardhini.
Zote mbili zimesainiwa na Kondo Mwinshehe,
mkia wa ile "o" ya mwisho umepinda vilevile,
mkono uleule uliohesabu noti zetu
na, miaka kumi na mmoja baadaye, ukahesabu za Kisoka.
Kondo yeye mmemwandikia RB namba ngapi?

Afande akaacha kalamu,
akatazama feni, ambayo haikuwa inazunguka.

Baraza la kata lilikuwa limetuita Jumanne.
Jumatatu usiku difenda ikalitangulia.
Kesi ya ardhi hutembea kwa magongo;
ya jinai ina pingu, inajua kukimbia,
na anayetaka kiwanja upesi
huchagua ya kukimbia.

Asubuhi wakaniambia dhamana ipo,
niwalete watu wawili
wenye mali isiyohamishika.
Nikacheka, mpaka yule binti wa selo
aliyekamatwa kwa gongo akaniuliza kulikoni.
Mali yangu isiyohamishika, mwanangu,
ndiyo iliyonihamishia hapa.

Miezi tisa.
Kutajwa, kutajwa, shahidi hayupo, kutajwa,
jalada limekwenda kwa mpelelezi, kutajwa.
Sare za Januari zikashonwa na wengine.

Hakimu alikuwa mama mfupi, ana mafua.
Alisoma huku anajifuta pua:
"Mahakama hii haigawi viwanja.
Siwezi kumwita mtu mvamizi
kabla sijajua nyumba ni ya nani,
na hilo si langu kulijua.
Mshtakiwa yuko huru.
Nendeni Baraza la Ardhi."
Huru. Kisoka aliinamia viatu vyake.
Mimi sikupiga vigelegele. Vya nini?
Nimeshinda kesi, kiwanja hakijamjua mshindi.

Tukakutana tena kwenye kibanda cha fotokopi,
kila mmoja na bahasha yake ya kaki.
Umeme ukakatika, ukarudi,
kijana akachanganya karatasi zetu.
Tukazipanga upya juu ya meza, mimi na yeye,
hii yako, hii yangu, hii ya nani?
"Nilikopa saccos, mama," akasema, "bado nalipa."
Nikamwambia mihogo ilikuwa michungu kidogo.
Haikuwa kweli.

Alhamisi hiyo, saa mbili usiku, simu ikalia.
Kisoka, anahema:
kuna mtu wa tatu ameshusha mchanga,
lori mbili, na tofali,
ana karatasi ya Kondo, ya mwaka huu.
"Mama Zamoyoni, tukienda sasa hivi
tukafungue kesi ya uvamizi,
kesho wanamlaza ndani.
Afande namjua."

Sikumjibu.
Nilikuwa nimeinama,
natafuta viatu chini ya kitanda.