Swali la Nurgazi

Naryn, Machi. Theluji bado imeegemea dirishani.
Naandika ubaoni sifa saba za kiumbe hai:
hula, hupumua, hukua, hujongea,
huhisi, hutoa taka, huzaana.
Nageuka. Mkono wa Nurgazi uko juu kitambo.

"Mwalimu, na moto wa jikoni kwetu?
Unakula samadi kavu, haushibi.
Ukinyimwa hewa unazimia.
Unakua, unahama, majivu ndiyo choo chake,
na jirani akija kuomba kaa moja
jioni una mtoto nyumba ya pili."

Darasa likacheka. Yeye hakucheka.
"Na nyumbu wa baba, mwana wa punda na farasi,
hazai, wala hatazaa.
Basi moto u hai, nyumbu ni maiti?"

Miaka kumi na tisa nafundisha orodha hiyo.
Nilimeza mate. Nikafungua kabati,
nikatoa hadubini yetu, moja, ya shule nzima,
imefungwa uzi mwekundu pale skrubu ilipopotea.
Nikabandua utando wa kitunguu,
tone la iodini, kioo juu ya kioo.
"Tazama. Funga jicho la pili."

Alikaa kimya mpaka kengele.
"Vyumba," akasema. "Vyumba, vyumba, ukuta kwa ukuta,
na kila chumba kina mtu mmoja, ameketi pembeni."
Sikumsahihisha.
Kiini ni neno la kesho.

Kesho akaja na kopo la jamu:
mate ya nyumbu. Na alama za meno kiganjani.
Tukapaka, tukatia rangi, tukainama.
Seli zilikuwa zimelegea, hazina kuta,
kama mayai yaliyomwagwa kikaangoni,
na katikati ya kila moja, kile kidoa cheusi.
"Yumo," Nurgazi akanong'ona,
kwa sauti ya mtu aliyelipwa deni la zamani.

Nilitoka kidogo tu, kuwaita wenzangu waone.
Akawasha kiberiti chini ya lenzi,
ili moto nao uoneshe vyumba vyake.
Ta!

Fomu ya wizara inauliza: kifaa kimevunjwa na nani?
Nimeandika kwa kalamu, sifuti:
na kitu kinachokula, kinachopumua, kinachokua,
tulichokibishia hodi kwa adabu zote
na ndani hakuna aliyeitika.