Dakika ya Saba

Urve aliikata filamu yake jikoni, Tallinn,
theluji ikitua dirishani, haina habari.

Dakika sita: vichwa vya habari vimepandana vichwa,
bei ya gesi, paka, vita, dawa ya usingizi,
mtu anacheka, hatujui kwa nini,
sauti tisa zinagombea sikio moja
hata maneno yakasagika, yakabaki
chenga.

Ya saba akaiacha giza. Kimya.

Ukumbini watu thelathini na wanne.
Sekunde ya kumi na moja simu ikawaka,
nyingine, nyingine tena,
nyuso zikachomoza, samawati,
kila moja na upweke wake.

Urve, kasimama mlangoni, anazihesabu.
Paja likatetemeka mfukoni.
Akapeleka mkono:
ufunguo, tiketi ya tramu.

Simu aliiacha jikoni.