Kitobo cha Arobaini

Saa tisa za usiku nashuka ngazi kwa ncha za vidole,
nisimwamshe Mwanashee,
nikalitazame komeo nililolitazama saa nne,
na saa sita.
Limefungwa. Bila shaka limefungwa.
Nalishika hata hivyo, kama mtu ashikaye paji la mtoto
ambaye homa yake ilishatoka jana.

Nje, kichochoroni Mkomani,
punda wa jirani anajikuna ubavu ukutani,
krrr, krrr. Hana deni la mtu.

Mimi ninalo. Kodi ya duka la Langoni, miezi miwili,
karo ya Twaha, na simu iliyojifunza kunitisha
hata ikizimwa: mfuko wangu hutetemeka wenyewe.

Niliwahi kwenda hospitali. Nikamwambia daktari,
kuna mtu anabisha kifuani.
Akasikiliza mbele, akasikiliza mgongoni.
"Moyo mzima, Mzee Famau. Ni wasiwasi tu."
Tu!
Nikarudi nyumbani na ile "tu" mkononi
kama chenji ya noti isiyokuwa yangu.

Basi nawasha taa, nachukua kofia.
Ni ya bwana harusi wa Faza,
uzi mweupe juu ya bafta nyeupe, macho yanauma.
Kitobo kimoja: sindano iingie, uzi uzunguke,
uzunguke tena, kaza, usikaze sana.
Kitobo cha pili.
Marehemu mama alikuwa akisema
shimo haliogopwi, shimo huzungushiwa uzi.
Sikumwelewa. Nilikuwa na miaka kumi,
nikitaka aniachilie nikacheze.

Wasiwasi hauondoki, nisiseme uongo.
Umekaa papo hapo mkekani, umekunja miguu,
unauliza: na Twaha akirudishwa nyumbani?
Nauambia, ngoja, nipo kitobo cha arobaini.
Na mwenye duka akibadilisha kufuli?
Ngoja. Arobaini na moja.
Mara nyingine huchoka kabla yangu.
Mara nyingine nachoka mimi,
nafumua safu nzima.

Leo nilikuwa nafumua
nikasikia ngazi ya tatu ikilia, ile iliyolegea.
Mwanashee, kanga begani, hana usingizi usoni.
"Komeo?"
"Limefungwa."
"Najua," akasema. "Nimelitazama saa nane."

Miaka ishirini na sita kitanda kimoja,
tunapishana gizani kwenda kushika chuma kilekile.

Akakaa. Akalamba ncha ya uzi,
akaitazama taa kwa jicho moja,
akaitunga sindano ya pili.