Arobaini na Mbili kwa Dakika

Usiku ule Naryn umeme ulikatika saa tisa.
Pampu ikalia mara tatu kama mtoto aliyenyang'anywa kitu,
kisha ikanyamaza. Betri yake ilikufa tangu vuli,
na barua ya kuomba nyingine ilikuwa bado mezani kwa mkuu,
chini ya bilauri.

Nje, nyuzi thelathini chini ya sifuri.
Mto umeganda; hata maji hayakuwa na haraka.
Ndani, Zuura-eje aliishika tochi kwa meno,
akachomoa mrija kwenye pampu,
akatundika mfuko mpya juu ya kitanda cha sita
na kuniambia, maneno yakipenya kando ya tochi:
"Haya, mwanagenzi. Lita moja. Saa nane. Piga hesabu."

Niliandika kiganjani.
Elfu moja mara ishirini,
kwani mrija ule huikata mililita moja vipande ishirini,
nikagawa kwa nane.
Elfu mbili na mia tano.
Nikalitamka kwa sauti, tena kwa fahari.

Zuura-eje akaitoa tochi kinywani.
"Matone elfu mbili na mia tano kwa dakika?
Hiyo si dripu, binti. Hilo ni bomba lililopasuka.
Na humo mna potasiamu.
Ikienda taratibu, huukumbusha moyo mwendo wake.
Ikienda mbio, huufundisha kusimama."

Hakunigombeza. Hilo ndilo lililoniuma.
Alighani tu, kwa sauti ya mtu anayetafuta ufunguo gizani:

*Ujazo zidisha tone, kwa dakika ugawike,*
*kila saa igawane, sitini ihesabike,*
*usipohesabu tone, tone litakuhesabu.*

Nikafuta kiganja kwa mate.
Saa nane: dakika mia nne na themanini.
Elfu ishirini kwa hizo:
arobaini na moja, na kipande.

"Kipande gani?"

Tulidhani amelala. Asankul,
mwalimu wa hisabati kwa miaka thelathini na minane,
kuhara kumemkausha siku nne,
midomo yake imechanika, macho yamefumba.

"Nukta sita, sita, sita," nikasema. "Haiishi."
"Haiishi," akasema, kama aliyetajiwa jina la rafiki.
"Na tone halivunjiki. Kwa hiyo?"
"Arobaini na mbili."
"Mnanizidishia theluthi ya tone kila dakika."
Akanyamaza. Nikadhani amerudi usingizini.
"Mfuko utaisha dakika nne kabla ya wakati.
Nitakuwa na dakika nne za bure."
"Zitumie vizuri," akasema Zuura-eje,
akanivua saa ya mkononi, akainua mbele ya chemba.

Nusu dakika, ishirini na moja.
Nilibana kigurudumu: kumi na tisa.
Nikalegeza: ishirini na nne.
Kidole gumba kimekufa ganzi kwa baridi,
na kati ya tone na tone
palikuwa na nafasi ya kuogopa, si kubwa.
Ishirini na moja.

Kila robo saa nilirudi.
Akikunja mkono, matone hulegea;
akikohoa, hukimbia;
kipimo ulichokiweka si kipimo utakachokikuta.
Nilijifunza kusikia lile ambalo halina sauti.
Mara moja nilisinzia nikiwa nimesimama,
nikaota nahesabu kondoo wa baba mlangoni mwa zizi,
wakipita mmojammoja, wamelowa,
na nilipozinduka nilikuwa nimefika thelathini na tatu
na sikujua thelathini na tatu za nini.
Nikaanza upya.

Mfuko, uliofunguliwa saa tisa na nusu,
ulikauka saa tano na dakika ishirini na sita asubuhi.
Asankul aliomba chati yangu,
akaomba na kalamu,
akatumia dakika zake nne kunirekebishia saba
ambayo, alisema, mtu mwenye haraka angeisoma moja.

Umeme ulirudi adhuhuri.
Pampu ikawaka, ikauliza kiwango.
Hakuna aliyeigeukia.